Kutoa Mbele ya Mabano

"Yalla, Metrine, funga nguo za watoto. Kesho alfajiri tunashika njia ya Jeddah."

Madam Nuf aliyasema hayo akiwa mlangoni mwa jikoni, simu bado iko sikioni, uso umemsawijika. Metrine alikuwa anamenya vitunguu. Kisu kikasimama katikati ya kitunguu.

"Kesho, madam? Lakini Jumamosi ndiyo siku ya..."

"Mama mkwe wangu hali yake si nzuri. Halas. Mambo mengine baadaye."

Akaondoka. Metrine akabaki amekodolea macho maganda. Jumamosi, saa nane mchana, saa za Riyadh na saa za Chwele zikiwa ni zile zile, alikuwa na mtihani. Madam alikuwa amempa ruhusa wiki nyingi nyuma, tena kwa moyo mkunjufu: angewapeleka watoto kwa dada yake, nyumba ingekuwa kimya, Metrine angejifungia chumbani na simu yake mpaka amalize. Sasa ahadi ile imebebwa na upepo, na wa kulaumiwa hayuko, maana ugonjwa haupigi hodi.

Metrine Nekesa alitoka Chwele, kaunti ya Bungoma. Alikuwa na miaka thelathini na ushei, na mtoto mmoja wa kike, Velma, aliyekuwa analelewa na nyanya yake. Kwa madam Nuf alikuwa mwaka wa pili, na nyumba haikuwa mbaya: alikula walichokula, alilala kwenye kitanda chake, Ijumaa mchana alipumzika. Lakini tangu utotoni alitaka uuguzi. Alipomaliza kidato cha nne kila somo lilikuwa la kuridhisha isipokuwa hesabu, na hesabu ndiyo iliyomfungia mlango. Miaka ikapita. Ndipo akasikia kwamba kuna chuo kimoja cha uuguzi magharibi mwa Kenya kinachowapokea watu kama yeye, mradi wapite kwanza mtihani wa hesabu unaofanywa kwa mtandao, kamera ikiwa wazi na mtahiniwa akionekana mwanzo hadi mwisho. Mtu aliruhusiwa kujaribu mara mbili tu. Mara ya kwanza Metrine alianguka. Jumamosi hii ilikuwa ya pili.

Kilichomwangusha alikijua. Hakikuwa asilimia wala sehemu. Kilikuwa ni mabano.

Akiona 5(x + 7), mkono wake ulikuwa unaandika 5x + 7, ukitulia kabisa kana kwamba umefanya jambo la haki. Alifundishwa hivyo na haraka yake mwenyewe tangu shuleni, na kosa lililozoeleka hukaa mwilini kama kilema. Aliyemtoa huko alikuwa Mwalimu Zipporah, Mkenya aliyefundisha hesabu katika shule moja ya binafsi hapo Riyadh. Kila Ijumaa alasiri aliwafundisha wanawake wenzake kwa njia ya simu, bila malipo, kwa sauti za kurekodi ambazo kila mmoja alizisikiliza alipopata upenyo. Metrine hakuwahi kumwona. Alimjua kwa sauti tu, sauti nzito ya mtu asiyependa upuuzi.

"Metrine, sikiza," sauti ile ilimwambia siku moja. "Umeingia sebuleni, umekuta watu wawili wamekaa. Unamsalimu mmoja, halafu mwingine unampita kama kiti? Utasemwa huna adabu. Sasa hiyo tano iliyo nje ya mabano ni mgeni. Anampa mkono kila aliye ndani. Tano mara x. Tano mara saba. Jibu ni 5x kujumlisha thelathini na tano. Wewe saba umemnyima mkono."

Metrine alicheka peke yake huku akipiga pasi. Lakini kulikuwa na jambo gumu zaidi, nalo ni alama ya kutoa inapokaa mbele ya mabano.

"Hapo ndipo watu wazima hulia," Zipporah alisema. "Nambari ikiwa na alama ya kutoa, haiiachi alama mlangoni. Inaingia nayo. Na ikimkuta aliye ndani naye ni hasi, hasi kwa hasi inazaa chanya. Usiniulize leo kwa nini. Ukiwa na shaka, chukua nambari yoyote, iweke mahali pa x, hesabu mwanzo na mwisho. Zikilingana, uko sawa. Zisipolingana, rudi nyuma."

Miezi yote ile Metrine alifungua mabano kwa kunong'ona. Alifungua mabano akikung'uta mazulia, akiosha sufuria, akisuka nywele za mabinti wa madam. Wale watoto walidhani anasali.

Na sasa Jeddah.

Walifika Ijumaa jioni, miguu imevimba kwa kukaa. Nyumba ya mama yake Adnan, mume wa madam, ambaye Metrine alimwita baba, ilikuwa imejaa wanawake waliokuja kumjulia hali mgonjwa. Bibi Fawziya alikuwa mzee mwembamba wa kisukari, aliyekuwa ameugua kifua kwa wiki nzima na kukosa hamu ya chakula. Sindano zake za sukari zilikuwa zinaendelea kama kawaida, na aliyezisimamia ni binti yake mkubwa, Ibtisam, mwanamke mwenye sauti iliyotangulia mwili wake chumbani. Metrine hakupata hata nafasi ya kuvua viatu. Kahawa, tende, chai, vikombe. Wakitoka hawa wanaingia wale.

Jumamosi asubuhi alimfuata madam kwenye korido.

"Madam, tafadhali. Mtihani ni saa nane. Nitamaliza kabla ya magharibi."

"Leo? Na watu wote hawa? Metrine, unaona mwenyewe. Mafi. Hakuna nafasi."

"Ni mara ya mwisho, madam. Hawanipi nyingine."

Madam Nuf akakunja uso, akaingia sebuleni.

Metrine akajificha stoo, akampigia Atieno, rafiki yake aliyekuja naye kwa ndege moja, ambaye sasa alifanya usafi katika shule na kuishi na wenzake mtaa wa Al-Mahjar, kusini mwa jiji.

"Toka tu," Atieno alimwambia. "Panda teksi uje hapa kwangu. Chumba kiko, mtandao uko. Jioni unarudi, unapiga magoti, unaomba msamaha."

"Na wakiniripoti kwamba nimetoroka?"

Wote wawili waliijua habari hiyo. Kafili, yaani mwajiri mdhamini, akienda kusema mfanyakazi wake ametoroka, ikama, kile kibali cha kuishi nchini, inakuwa karatasi tu. Mtu analala mjini huru, anaamka anasakwa.

"Basi Mungu akufungulie njia," Atieno alisema mwishowe. "Mimi sina lingine."

Njia ilifunguka, lakini si kwa namna aliyoitarajia. Ilipokaribia saa nane, wageni wakiwa wamekaa kula, madam Nuf alimwita kando. Aliongea kwa sauti ya chini, akitazama nyuma yake.

"Bibi amelala. Anahitaji mtu wa kukaa naye. Nenda ukae wewe. Mtihani wako ufanyie humo humo. Lakini sikiliza: jicho moja simu, jicho moja Bibi. Akitoka jasho, akitetemeka, akisema maneno yasiyoeleweka, hiyo ni sukari imeshuka. Asali iko mezani. Umenielewa?"

"Nimeelewa, madam. Mungu akubariki."

Chumba kilikuwa baridi kwa kiyoyozi. Bibi Fawziya alilala chali, mdomo wazi kidogo, mikono juu ya blanketi. Metrine aliegemeza simu kwenye jagi la maji, akageuza kiti ili kamera imwone yeye na yeye amwone mgonjwa. Kwenye kioo kukatokea masharti, na moja alilisoma mara mbili: mtahiniwa akiondoka mbele ya kamera, mtihani wake utafungwa.

Akabonyeza. Saa ikaanza kukimbia.

Asilimia zilikwenda. Uwiano ulikwenda. Swali la dawa na maji lilimchelewesha, akaliacha, akalirudia, likakubali. Kila baada ya jibu aliinua macho: kifua cha Bibi kinapanda, kinashuka. Kisha akafika sehemu ya mwisho, na humo hamkuwa na kitu kingine ila mabano, yamepangwa moja chini ya jingine kama meno.

Alikuwa hajagusa hata la kwanza aliposikia blanketi likikwaruza.

Bibi alikuwa amefumbua macho, lakini hakuwa anatazama kitu. Paji la uso lilikuwa linang'aa kwa majimaji, katika baridi ile. Akatamka jina ambalo Metrine hakulijua, akalitamka tena, ulimi mzito, kisha akajaribu kuketi na mkono ukamtoroka.

"Bibi? Bibi Fawziya?"

Hakujibu. Vidole vilikuwa vinacheza juu ya shuka.

Metrine alitazama simu. Hakudumu kuitazama, pengine ni muda wa kuvuta pumzi moja, ingawa baadaye angeikumbuka pumzi ile mara nyingi, na kujiuliza kwa nini aliivuta. Kisha akainuka. Kiti kikaanguka nyuma yake.

Alimwinua mzee, akamweka kifuani pake. Akajaribu kumnywesha maji ya asali, meno yakagoma kuachana, maji yakatiririka shingoni. Akatupa kikombe. Akachovya kidole kwenye asali, akakipitisha kati ya shavu na ufizi, akasugua, akachovya tena.

"Madam!" akapiga kelele. "Madam Nuf! Njooni!"

Aliyetangulia kufika ni Ibtisam. Alimwona mama yake amelegea mikononi mwa mfanyakazi, asali imempakaa kidevuni. Halafu akaiona simu, imesimama wima kwenye jagi, inawaka.

"Mama yangu anakufa na wewe unachezea simu!"

"Hapana, madam, sukari imeshuka, nimempa..."

"Nyamaza!"

Chumba kikajaa. Mtu akaleta kipimo, akamtoboa mzee kidole. Nambari iliyotokea ilikuwa ya chini mno. Binamu mmoja aliyekuwa muuguzi akaingia mbio, akamwona Metrine bado anasugua asali, akasema kwa Kiarabu cha haraka, "Aendelee, aendelee hivyo hivyo." Wakaendelea. Ilichukua muda ambao hakuna aliyeupima. Hatimaye macho ya Bibi yakarudi mahali pake, akauliza kwa nini watu wote hawa wamemzunguka, na kama kahawa imekwisha.

Wanawake wakalia na kucheka kwa pamoja. Ibtisam hakucheka. Alikuwa ameishika simu ya Metrine, anamwonyesha kaka yake.

"Angalia, Adnan. Nambari, herufi, sijui michezo gani. Alikuwa amekaa hapa anacheza. Tungechelewa kidogo tu! Mrudishe maktab, kwa wakala aliyemleta. Wako wengi wanaotafuta kazi."

Baba Adnan alikuwa mtu wa maneno machache, na siku ile hofu ilikuwa imemkausha hata hayo machache. Akachukua simu.

"Ni kweli, Metrine? Ulikuwa na simu wakati mama yangu anaumwa?"

"Ni mtihani, baba. Madam anajua."

Akamgeukia madam Nuf. Wote wakamgeukia. Madam alikuwa amesimama karibu na dirisha, shela limeshuka begani. Alimtazama mume wake, akamtazama Ibtisam na wale wanawake waliojaa mlangoni, kisha akatazama zulia. Akashika ncha ya shela lake, akaikunja, akaikunjua.

Hakusema neno.

Baba Adnan akaitia simu mfukoni. "Tutazungumza tukifika Riyadh," akasema.

Siku zilizofuata Metrine alifanya kazi kama mtu anayetembea juu ya mayai. Hakuwa na simu. Hakujua chuo kimesema nini, wala mama yake hakujua yu wapi. Kila Ibtisam alipopita jikoni alisema neno kuhusu maktab, si kwa Metrine bali kwa hewa. Kilichomuuma Metrine zaidi hakikuwa hicho. Alimkasirikia madam Nuf kwa hasira ambayo hakuwa na mahali pa kuiweka. Ibtisam alikuwa hajui. Mtu asiyejua husamehewa. Lakini yule mwingine alijua, na alikuwa analala usingizi. Akimwekea chai, Metrine alikiweka kikombe mezani na kuondoka bila kusubiri kuambiwa shukran.

Bibi alipopata nafuu walianza safari ya kurudi. Walipanda milima ya Taif asubuhi, wakaingia nyanda za juu, barabara ikanyooka na jangwa likalala pande zote, jekundu na tupu. Watoto walisinzia, vichwa vyao mapajani mwa Metrine.

Simu ikatetemeka. Ilikuwa ile ya Metrine; baba Adnan alikuwa ameitia ndani ya mkoba wa madam, chini, miguuni. Ikatetemeka, ikanyamaza. Ikaanza tena. Madam akaitoa, akaitazama.

"Ni nambari ya Kenya," akasema.

Baba Adnan hakugeuza kichwa. "Iache."

Ikanyamaza. Metrine aliziona nyuzi za jasho zikimshuka madam kando ya sikio, ingawa gari lilikuwa na ubaridi. Kisha madam akasema, akitazama barabara:

"Adnan, mimi ndiye niliyemruhusu."

"Kumruhusu nini?"

"Simu. Mtihani. Nilimwambia akae na mama, afanye mtihani wake humo chumbani. Nilimwambia cha kufanya sukari ikishuka, na alifanya kama nilivyomwambia. Dada yako alipopiga kelele niliogopa. Nikanyamaza. Tangu siku ile sili nikashiba."

Gari likaendelea kwenda. Baba Adnan alikaza vidole kwenye usukani. Metrine hakuthubutu hata kuwasogeza watoto, ingawa mapaja yalikuwa yamekufa ganzi.

"Mbele ya watu wote wale," baba Adnan alisema hatimaye, polepole, "uliniacha nimdhulumu mtu."

"Ndiyo."

Simu ikatetemeka mara ya tatu. Baba Adnan akanyoosha mkono bila kugeuka, akaichukua kutoka kwa mkewe, akaipitisha nyuma juu ya bega.

"Pokea," akamwambia Metrine.

Ilikuwa sauti ya mwanamume, ya nyumbani kabisa, lafudhi ya Kibukusu imejitokeza kwenye kila neno.

"Ni Metrine Nekesa? Mimi naitwa Zablon, mkuu wa mitihani hapa chuoni. Nimekutafuta siku tatu, dada. Simu unaiweka wapi?"

"Samahani, sir. Haikuwa mikononi mwangu."

"Sawa. Sikiza, sina muda na wewe huna. Mtihani wako ulifungwa kwa sababu uliondoka mbele ya kamera. Kanuni ni kanuni. Lakini kamera iliendelea kurekodi kidogo kabla ya kufunga, na wenzangu na mimi tuliona ulikokwenda. Tulibishana sana hapa. Tumekubaliana hivi: alama za huruma hakuna. Ulichoandika tumekisahihisha. Kilichobaki ni sehemu ya mabano. Nitakusomea maswali matatu, unijibu sasa hivi, nikusikie unavyofikiri. Ukikosa hata moja hufikishi alama. Na orodha inafungwa leo jioni. Uko tayari?"

Tayari! Metrine alikuwa na watoto wawili mapajani, hana karatasi, hana kalamu, na mbele yake jangwa. Akatamka kwa Kiarabu chake cha jikoni, "Madam, kitu cha kuandikia, tafadhali." Madam Nuf akapekua mkoba, akakosa, akapekua tena, akampitishia penseli yake ya wanja. Metrine akachukua kisanduku cha karatasi laini kilichokuwa kwenye kiti, akakipindua.

"Niko tayari, sir."

"La kwanza. Tano, mabano, x kujumlisha saba, funga mabano."

Swali lile lile. Mkono ukataka kukimbia kwenye njia yake ya zamani. Akauzuia kama mtu anavyomzuia mtoto barabarani.

"Tano mara x ni 5x. Tano mara saba ni thelathini na tano. 5x kujumlisha thelathini na tano."

"La pili. Sita, mabano, 2x kujumlisha moja, funga. Kujumlisha mbili, mabano, x kujumlisha nne, funga."

Wanja ulikuwa laini, ukapaka zaidi ya kuandika. "12x kujumlisha sita," akasema. "Halafu... 2x kujumlisha nane. Nakusanya zinazofanana. 12x na 2x ni 14x. Sita na nane ni kumi na nne. Jibu ni 14x kujumlisha—"

"Hallo? Metrine? Umekatika."

"14x kujumlisha kumi na nne! Sir? Unanisikia?"

Hakukuwa na kitu ila mlio. Kwenye kioo, vijistari vya mtandao vilikuwa vimeisha.

"Baba, mtandao!" Metrine alisema, na sauti ikampasuka. "Mtandao umepotea!"

Baba Adnan hakuuliza kitu. Alikanyaga mafuta. Gari likaila barabara mpaka kilima kidogo kilipoinuka na kituo cha petroli kikaonekana, mnara wa simu umesimama nyuma yake. Akaingia humo, akasimamisha gari kivulini, akazima injini ili kusiwe na kelele. Watoto wakaamka. Madam akawawekea kidole mdomoni.

Metrine akapiga. Ikaita. Ikaita tena.

"Ndiyo, Metrine. 14x kujumlisha kumi na nne, hilo nililisikia. Sasa la mwisho, na nalisoma mara moja. Nne, mabano, 2x kutoa tatu, funga mabano. Kutoa tatu, mabano, x kutoa tano, funga mabano."

Akaliandika kwa herufi kubwa, maana wanja ulikuwa umebutuka: 4(2x − 3) − 3(x − 5). Jasho la kiganja lilikuwa limelainisha kisanduku.

"Nne mara 2x ni 8x. Nne mara tatu, na ni kutoa, kwa hiyo kutoa kumi na mbili. Halafu kutoa tatu mara x, kutoa 3x. Halafu tatu mara tano ni kumi na tano, kutoa kumi na..."

Penseli ikasimama.

"Kutoa kumi na tano?" Bwana Zablon akauliza. Sauti yake haikuwa na msaada wowote ndani yake.

Kulikuwa na jambo halikukaa sawa. Alitazama alama mbili ndogo, moja mbele ya tatu, moja mbele ya tano, zote zimepakazika. Tatu haikuingia peke yake. Iliingia na alama yake.

"Hapana, sir. Nimekosea. Hasi tatu mara hasi tano. Ni kujumlisha kumi na tano. 8x kutoa 3x ni 5x. Hasi kumi na mbili kujumlisha kumi na tano ni tatu. Jibu ni 5x kujumlisha tatu."

Upande wa pili kalamu ikakwaruza karatasi.

"Una uhakika? Mwanzo ulisema kutoa."

Metrine alihisi shaka ikimpanda kama maji. Angeweza kurudi kwenye jibu la kwanza. Sauti ya yule mtu ilikuwa kama inamwita arudi. Akaishika penseli upya.

"Nipe dakika, sir. Naweka mbili mahali pa x." Akaandika pembeni, mstari juu ya mstari. "Mbili mara mbili nne, kutoa tatu, moja. Nne mara moja, nne. Upande mwingine, mbili kutoa tano ni hasi tatu. Hasi tatu mara hasi tatu, tisa. Nne na tisa, kumi na tatu. Sasa jibu langu: tano mara mbili kumi, kujumlisha tatu, kumi na tatu." Akainua macho. "Zimelingana. Nina uhakika, sir."

Bwana Zablon akashusha pumzi, na Metrine akaisikia kutoka magharibi mwa Kenya mpaka katikati ya Uarabuni.

"Umepita," akasema. "Kwa alama chache sana, nisikudanganye, lakini umepita. Masomo yanaanza Septemba. Na yule mzee, alipona?"

"Alipona, sir. Aliomba kahawa."

Alipokata simu hakulia, ingawa alidhani angelia. Alijifuta mikono kwa karatasi laini, vidole vikabaki vyeusi kwa wanja. Madam Nuf alikuwa amegeuka, amemtazama, macho yamejaa.

"Nisamehe, Metrine."

"Nimesikia, madam," Metrine alijibu. Neno la kusamehe lenyewe lilikuwa bado halijafika mdomoni, na hakutaka kulilazimisha. Lilichukua wiki kadhaa. Lilikuja siku moja wakikunja mashuka pamoja, likatoka bila sherehe, na madam akaitikia kwa kichwa.

Ibtisam hakuomba radhi kamwe. Baba Adnan alimpigia simu siku ile ile kutoka pale kituoni, akatembea huku na huku kwenye jua akiongea, na Metrine hakujua kilichosemwa. Lakini habari za maktab hazikutajwa tena. Mkataba ulipokaribia kwisha, madam alimwomba aongeze mwaka mmoja. Aliomba mara ya kwanza kwa upole, mara ya pili kwa machozi, na kwa siku kadhaa Metrine aliogopa kwamba karatasi za kutoka zitacheleweshwa hadi Septemba ipite. Baba Adnan akazitia sahihi asubuhi moja kabla ya kwenda kazini, akaziacha juu ya meza ya jikoni.

Ijumaa ya mwisho Metrine alipanda metro hadi Olaya kumwona Mwalimu Zipporah kwa macho. Alimtafuta kwenye umati nje ya stesheni, akitazamia mwanamke mkubwa wa mwili kama sauti yake. Aliyemgusa bega alikuwa binti mfupi, mwembamba, mdogo kwake kwa umri, na miwani imemteremka puani. Wakakumbatiana, wakacheka mpaka mlinzi wa mlangoni akawageukia.

"Mwalimu, nimepita!"

"Nimesikia. Atieno amenisimulia yote." Zipporah akasukuma miwani juu. "Uliposema kutoa kumi na tano, ulikuwa unafikiria nini hasa?"